Alama ya Lepe Kiganjani mwa Kinyozi

Hapo zamani, kabla usingizi haujawa haki ya kila mwenye kope, palikuwa na mji uitwao Keshani, na mfalme wake akiitwa Fumo Kiwavi. Mfalme huyu alikuwa shujaa kweli kweli. Hakuogopa simba, hakuogopa vita. Aliogopa tu kufumba macho, asije akaamka akamkuta mwingine amekalia kiti chake. Basi akakesha. Na kwa kuwa si adabu raia kulala mfalme akiwa macho, akawapa raia wake heshima ya kukesha naye.

Watu wakawa wanasinzia kwa wizi, nyuma ya milango. Hapo ndipo alipopita Mbwarahaji, mpiga ngoma wa mfalme, kipofu mwenye masikio ya popo. Akisikia mkoromo, ndu! ndu! ndu! mlangoni. Mji mzima ulimpenda mno. Kila siku walimwombea avunjike mikono.

Sasa, palikuwa na mchora hina, jina lake Mwanate, aliyeishi na mumewe na mama yake mzee. Mama alikonda kwa kukesha, akaanza kumwita bintiye kwa jina la mbuzi. Siku mama alipochota makaa ya moto kwa mkono akidhani ni mbaazi, Mwanate alilia, kisha akasema basi.

Alikuwa na alama aliyofundishwa na bibi yake, iitwayo Lepe: mkunjo mmoja kama sikio, na nukta tatu chini yake. Aitazamaye hulala papo hapo, wala haamki mpaka alama iharibiwe.

"Mume wangu," akamwambia Shekue, aliyekuwa kinyozi wa mfalme, "nipe kiganja chako."

"Unataka kunipamba? Kwani mimi bibi harusi?"

"Nataka ukamlaze mfalme."

Shekue akaficha mkono mgongoni. "Na asipolala?"

"Basi utalala wewe, tena moja kwa moja."

Mwanate akafumba macho, akachora kwa hina, alama isije ikafutika kwa jasho la mumewe jasiri. Shekue akakunja ngumi, akaenda. Alipomaliza kumnyoa mfalme, akamkunjulia kiganja. "Tazama, Fumo, pambo jipya la mjini."

Mfalme akatazama. Akaanguka kama gunia la chumvi.

Wangekomea hapo, tungewasifu. Lakini Shekue, kwa furaha, akatamani kuiona kazi nzuri ya mkewe. Akaiona. Akalala, kiganja wazi. Walinzi wakaingia kumkamata, wakalala. Mawaziri wakaingia kuangalia kama kiti kimebaki kitupu, wakalala. Watu wakamiminika kuchungulia. Wakalala mmoja juu ya mwingine. Mwanate naye, aliposikia mumewe ameanguka, akasahau utaalamu wake wote. Akakimbia, akamwinamia, akakitazama kiganja kilekile alichokichora mwenyewe.

Huko jikoni chungu kikaungua, moto ukashika makuti ya paa.

Mbwarahaji alinusa moshi. Akapiga ngoma mpaka ngozi ikapasuka, hakuna aliyejigeuza. Akaingia ukumbini akikanyaga matumbo ya wakubwa, akipapasa, mpaka akaupata mkono unaonuka hina. Akautemea mate, akausugua. Hina haikutoka. Basi akapapasa tena, akapata wembe wa kinyozi, akakiparua kile kiganja mpaka damu ikatoka. Shekue akapiga yowe, na watu wote wakafumbua macho. Moto ukazimwa.

Mfalme akaulizia yaliyotokea, akaambiwa. Akajinyoosha. Hakuwahi kuonja raha ile tangu atawazwe, kwa hiyo hakukata kichwa cha mtu. Alitoa zawadi, tena kwa ukarimu wa kifalme.

"Kumbe usingizi ni mtamu!" akasema. "Natoa ruhusa ya kulala mpaka kuche, maisha yote. Ruhusa moja. Kwa mtu mmoja."

Watu wakashangilia, maana walinzi walikuwa wakiwatazama.

Mwanate akasema, "Bila mkono wangu pasingekuwa na alama. Ruhusa ni yangu, nimpe mama kabla hajafa."

Shekue akainua mkono uliofungwa kitambaa. "Mama namheshimu. Lakini nani alisimama mbele ya mfalme? Na vidole hivi vitashika wembe tena?"

"Nani alikutuma utazame?"

"Na wewe, nani alikutuma?"

Mbwarahaji akakohoa. "Niliwasikia mkipanga, nikanyamaza, nami kazi yangu ni kumwambia mfalme. Nimewatoa motoni nyote. Halafu, jamani, mnadhani anayewaamsha ninyi hulala saa ngapi?"

"Huyo!" sauti ikatoka nyuma. "Aliyetunyima usingizi maisha yetu yote, ndiye akalale?"

Mfalme akapiga miayo, akawaambia watu waamue upesi, kabla hajabadili nia. Watu wakaanza kubishana.

Haya, ninyi mlioshiba usingizi wa jana, wasaidieni: aliyechora, aliyethubutu, au aliyeamsha? Je, nani alistahili kulala?