Mhunzi Aliyepika Supu kwa Mivukuto

Paukwa!
Pakawa!
Jikoni kuna nini?
Kuna mafiga matatu!
Na juu ya mafiga?
Chungu!
Na ndani ya chungu?
Hatujui, funua tuone!

Haya, nafunua. Sogeeni, lakini asiniungulie mtu.

Hapo kale, milima ya Upare ilipokuwa na ukungu mwingi kuliko watu, palikuwa na mhunzi jina lake Senkondo. Jembe lake halikuvunjika. Panga lake halikupinda. Ukimwomba kisu cha urefu wa kiganja na vidole viwili, ulipata kisu cha urefu wa kiganja na vidole viwili. Si kidole kimoja na nusu. Alikuwa mtu wa vipimo.

Mkewe aliitwa Nakijwa. Mume akifua chuma, mke alipika supu. Nyama ya ng'ombe yenye mfupa, maharage, viazi, karoti na kabichi, vyote chungu kimoja. Supu ilikuwa nzito, hata upawa ukiusimamisha katikati, unafikiri kwanza ndipo uanguke. Msicheke. Unafikiri kwanza.

Walikuwa na mtoto mmoja, Naetwe, binti wa miaka saba.

Basi Nakijwa akaugua. Siku ya kwanza akasema ni uchovu. Siku ya pili hakuinuka. Siku ya tatu akafa. Wakamzika kando ya migomba. Watu wakaja, watu wakalia, watu wakaondoka. Upawa wake ukabaki kwenye kigingi chake, na kigingi kilikuwa chini kidogo, kwa urefu wake yeye.

Majirani hawakuwa wabaya. Huyu alileta ugali, yule alileta makande. Naetwe alionja, akasukuma bakuli. Akaonja, akasukuma. Akaonja, akasukuma.

Siku ya ishirini akaja mama yake Nakijwa, Bibi Namkunda, kumtazama mjukuu. Akamshika mkono, akazungusha vidole viwili kwenye kifundo. Vidole vikapishana. Akageuka kutazama mafiga. Majivu yalikuwa baridi, na buibui alikuwa ameshavuta uzi wake toka figa moja hadi la pili.

"Mkwe wangu," akasema, "sikuja kukulaumu. Lakini jiko hili limezimika, na mtoto hashibi kwa moshi wa jirani. Siku ya arobaini nitarudi. Nikimkuta anakula chakula cha jiko hili, akamaliza, nitanyamaza. Nisipomkuta hivyo, nitafunga nguo zake na kwenda naye kwangu."

Senkondo alikuwa ameinamisha macho, kama mtu anavyofanya mbele ya mama mkwe.

"Mama, ameondoka mmoja. Wasiondoke wawili."

"Basi pika, baba."

Akaenda zake.

Sasa, ninyi mnaojua kupika, nyamazeni kidogo. Mhunzi hakujua hata maharage huanzia wapi. Lakini kuuliza si ujinga. Akaenda kwa jirani wa juu, Mama Kadiva.

"Mama Kadiva, supu ya marehemu ilipikwaje?"

"Aa, Baba Naetwe! Si unapika tu?"

"Unapika vipi?"

"Unapika mpaka inaiva."

Akaenda kwa jirani wa kati, Mama Eliona.

"Chumvi inatiwa kiasi gani?"

"Kiasi."

"Kiasi gani?"

"Kiasi chake!"

Akaenda kwa jirani wa bondeni, Mama Ndeshi.

"Na mboga zinakaa motoni muda gani?"

"Utaona zenyewe."

"Nitaona nini?"

"Utaona kwamba tayari."

Mhunzi akarudi nyumbani akajikuna kichwa. Akajiuliza: wananificha? Akakumbuka nyuso zao. Hapana, hawakuficha. Mama Ndeshi hata alifumba macho akitafuta jibu, asilipate. Jambo hili likamshangaza. Watu wamelifanya miaka thelathini, na hawawezi kulisema!

Akasema, "Mimi ni mtu wa moto. Moto ni moto." Akachukua nyama, akachukua maharage makavu, akachukua mboga, akatumbukiza vyote kwa pamoja. Kisha, jamani, akaleta mivukuto ya kupulizia moto wa kufulia chuma, akaielekeza kwenye mafiga. Fuu! Fuu! Fuu! Miali ikaruka juu ya chungu. Mfuniko ukacheza ngoma. Kuku wakahama uani.

Ikaiva?

Haikuiva!

Nyama iligeuka nyuzi. Mboga ziligeuka uji. Na maharage? Ukilitupa moja ukutani, linarudi kukusalimu.

Mama Kadiva akasikia ule mvumo, akashuka mbio akidhani nyumba inaungua. Akakuta mhunzi amekaa mbele ya chungu, uso umejaa masizi. Mwanamume ana haya zake. Senkondo akafuta uso akasema, "Karibu. Nimepika sawasawa na alivyopika marehemu. Onja."

Mama Kadiva akaonja. Akashika shavu.

"Jino langu! Baba Naetwe, haya ni maharage au kokoto? Hukuyaloweka?"

"Yanalowekwa?"

"Tangu jana jioni! Asubuhi maji yale unamwaga, unayachemsha peke yake, nayo yakitoa povu unamwaga tena. Na hii mivukuto! Supu si shoka. Moto wake ni kuni mbili zinazonong'onezana. Mvumilivu hula mbivu, hujasikia? Loo, sawasawa na marehemu! Marehemu angekucheka mpaka akae chini!"

Akaondoka akibubujika maneno mpaka kwake.

Senkondo akabaki na upawa mkononi. Asubuhi mwanamke huyu aliulizwa, hakuwa na neno. Sasa hakuulizwa, na maneno yamemwagika kama mtama gunia likipasuka. Kwa nini?

Akafikiri. Chuma hakisemi kikilala. Ukikigonga vibaya, hulia mlio wa kukosea, na kila mhunzi aliye karibu hugeuza kichwa. Akasema, "Ahaa. Mdomo haujui kupika. Mkono ndio unaojua. Na mkono hauamki ukiulizwa, huamka ukiona kosa."

Mnamwona? Sungura mwenyewe angemvulia kofia.

Siku ya pili alipika upya. Maharage aliyaloweka, akayachemsha, akamwaga povu. Kuni zilikuwa mbili, zinanong'onezana. Lakini chumvi na nyanya alizitia mapema, pamoja na maharage. Akapakua bakuli, akalibeba mpaka kwa Mama Eliona, akatembea kifua mbele.

"Mama Eliona, leo nimeweza. Hapa hapaongezwi kitu wala hapapunguzwi."

Ikaiva?

Haikuiva!

Mama Eliona akatafuna, akatafuna, akatafuna.

"Shemeji, ganda la haragwe hili ni ngozi ya kiatu. Umetia nyanya lini?"

"Mwanzoni, ndiyo maana ni tamu."

"Tamu nini! Nyanya na chumvi hukaza maharage. Kwanza yalainike, na nyama ilainike mpaka iachane na mfupa yenyewe bila kugombana. Ndipo ukaange kitunguu na nyanya pembeni, umimine. Chumvi mwisho! Kiasi cha ncha za vidole vitatu, mara mbili kwa chungu kile chenu."

"Mara mbili?"

"Mara mbili! Siyo moja, siyo tatu!"

Jamani, si ndiye aliyesema "kiasi chake"?

Siku ya tatu alipika tena. Maharage yalilainika. Nyama iliachana na mfupa kwa amani. Chumvi ilikuwa ncha za vidole vitatu, mara mbili. Lakini viazi, karoti na kabichi alivitia wakati mmoja. Akalibeba bakuli mpaka bondeni kwa Mama Ndeshi.

"Mama Ndeshi, nakuletea supu uwafundishe binti zako."

Ikaiva?

Wapo wanaosema iliiva. Sikilizeni Mama Ndeshi.

"We Senkondo! Kiazi kinauma, kabichi imekufa! Nani alikwambia zinaingia mlango mmoja? Kiazi na karoti mbele. Ukichoma kiazi kwa kijiti, kikipita nusu, ndipo kabichi. Kabichi huonyeshwa moto, haipikwi. Ukiona imebadilika rangi, epua chungu, funika, ngoja. Uwafundishe binti zangu! Njoo nikufundishe wewe!"

Senkondo akashukuru kwa mikono miwili. Akarudi kwake, akapika kila siku. Mfupa ule, maharage yale, kuni zile mbili. Naetwe alikuwa akikaa mlangoni akimtazama baba yake anavyochoma kiazi kwa kijiti, uso umekunjamana kama anapima panga. Akala vijiko vitatu. Kesho yake akala vitano. Akala nusu bakuli. Bakuli zima hakumaliza hata siku moja.

Siku ya arobaini ikafika. Dua ikasomwa, wageni wakala, wakatawanyika. Bibi Namkunda akabaki. Akaketi kwenye kigoda, mkoba wake miguuni, na ndani ya mkoba alikuwa ameweka kanga ya kufungia nguo za mtoto.

"Haya, mkwe."

Senkondo akafunua chungu. Mvuke ukapanda. Akatungua upawa wa Nakijwa kwenye kile kigingi cha chini, akapakua, akamwekea mwanawe bakuli kwa mikono miwili. Kisha akarudi nyuma hadi ukutani.

Naetwe akala kijiko cha kwanza. Akala cha pili. Akala cha tatu, akatulia.

Jamani, alitulia. Nje jogoo akawika, akamaliza, akawika tena.

Akala cha nne. Akala nyama. Akala maharage. Akainua bakuli kwa mikono, akanywa kilichobaki, akaliweka chini.

Bibi Namkunda akalitazama lile bakuli.

"Nilisema nitanyamaza," akasema, "na nimenyamaza." Akasimama, akashika mkoba. Alikuwa amezaa mtoto mmoja tu maishani, naye ndiye aliyelala kando ya migomba. Nyumbani kwake kulikuwa na mlango, kitanda na kuku sita. Akajifunga kanga yake vizuri, akapiga hatua moja, akapiga ya pili.

"Bibi," akasema Naetwe.

"Naam, mama."

"Imepungua kitu."

Senkondo akashtuka. "Imepungua nini? Nimepima kila kitu!"

"Sijui. Mama alikuwa akitia kitu. Huyu baba hakijui. Mama Kadiva hakijui. Labda Bibi anakijua."

Bibi Namkunda akaweka mkoba chini. Akachota kwa upawa, akaonja, akafumba macho. Akaonja tena.

"Tangawizi," akasema. "Lazima ni tangawizi. Mkwe, maharage yapo ya kuloweka?"

"Yapo, mama."

"Loweka. Mtu hawezi kuondoka akaacha chungu katika hali hii. Ni aibu."

Akalala pale. Kesho yake wakapika na tangawizi. Naetwe akala, akamaliza, akaramba kidole.

"Inakaribia, Bibi. Lakini bado."

Keshokutwa wakatia kitunguu saumu. Akala, akamaliza.

"Bado."

Mtondo wakatia majani ya giligilani, na Bibi Namkunda akayakata mwenyewe, kisu akakirudisha kwa mkwe akinoe. Naetwe akala, akamaliza, akaomba nyingine, akaimaliza hiyo nayo.

"Bado kidogo tu, Bibi."

Senkondo akachukua bakuli kwenda kuliosha. Akalitazama ndani. Halikuwa na cha kuoshwa. Chini palikuwa panang'aa. Akamtazama mwanawe. Mwanawe akamtazama yeye, macho makavu, makubwa, hayapepesi. Mhunzi akaliweka bakuli chini. Akarudi jikoni, akaonja upawa mmoja mbele ya mama mkwe, akatikisa kichwa taratibu.

"Ni kweli, mama. Hata mimi naona imepungua."

"Nilijua!" akasema Bibi Namkunda. "Nilijua tangu jana. Basi tuma mtu aniletee kuku wangu. Hawawezi kukaa peke yao siku zote hizi."

Wakaletwa kuku sita. Ikapita mvua ya vuli, ikapita masika. Jiko lile halikuzimika tena. Wakajaribu mdalasini. Wakajaribu majani ya maboga. Wakajaribu nyama ya shingo, ya mguu, ya kifua. Kila jioni mjukuu anamaliza bakuli, na kila jioni bibi anainama mbele yake, upawa mkononi, anauliza:

"Haya, mama. Leo je?"

Supu imeiva, hadithi naiepua. Mwenye bakuli akinge, asiye nalo arambe mkono, na kama imepungua chumvi, njoo utie wewe.