Ziwa Lililochimbwa na Babu Yake Tembo

Paukwa!

Pakawa!

Mbona sauti za wagonjwa? Paukwa!

Pakawa!

Hapo zamani za kale, baridi iliikalia nchi. Theluji ikaanguka, ikaanguka, ikagandamana mlimani hadi ikawa barafu nene kuliko kilima. Ikalemewa na uzito wake, ikaanza kushuka. Krrr! Krrr! Ikakwangua miamba. Ikabeba mawe makubwa kama nyumba. Ikachimba bonde. Kisha joto likarudi. Barafu ikayeyuka, to, to, to. Mawe ikayabwaga palepale, yakaliziba bonde kama boma. Maji yakajaa. Ziwa hilo!

Wala barafu haikuomba kupigiwa makofi.

Wanyama wakaja, wakanywa. Vizazi vikapita. Siku moja Tembo akasimama ufukweni, kifua mbele.

"Ziwa hili alilichimba babu yangu. Kwa pembe zake! Tazameni mikwaruzo kwenye miamba. Tangu leo, ukoo wangu tu ndio utakaokunywa."

"Mheshimiwa amesema!" Fisi akapiga makofi, pa pa pa! Yeye alikuwa ameshaahidiwa pa kunywea.

Mama Pimbi aliishi kwenye mawe yale. Wanawe walikuwa wakilamba midomo kwa kiu. Akatoka.

"Mzee Tembo, shikamoo. Mikwaruzo yote imeanzia mlimani, ilikokuwa barafu, ikashuka huku. Babu alichimba akiteleza kwa makalio?"

Wanyama wakacheka, kwa kwa kwa!

"Nyamaza we!" Fisi akafoka. "Kadogo hivyo, unajua nini?"

"Haya, nimekubali. Babu alichimba. Na desturi yetu mnaijua: ukoo wa aliyechimba kisima ndio unaozoa tope lake kila kiangazi. Hili halijazolewa tangu babu. Na mawe aliyoyatupa njiani yanawangoja. Mnaanza leo, au kesho?"

Tembo akalitazama ziwa: ng'ambo haionekani. Akayatazama mawe. Masikio yakamlegea.

"Unajua," akasema polepole, "babu alikuwa na mgongo mbovu. Nadhani ni... barafu."

"Hatujasikia, Mzee!" wanyama wakapaza sauti.

"BARAFU!"

"Si ndivyo nilivyosema tangu mwanzo?" Fisi akadakia.

Watoto wa Pimbi hawakungoja hotuba nyingine. Chubwi! Wakanywa mpaka matumbo yakawa ngoma.

Sikieni basi, wakubwa kwa wadogo: anayejitwalia sifa ya kazi asiyoifanya, mkabidhini na kazi yenyewe.

Ngano yangu imekomea hapo. Mwenye kiu akanywe.