Udongo wa Dola Nzima

Hapo zamani, dola ya Waislamu ilipokuwa kubwa hata mtu akitoka ncha moja na ndevu nyeusi anafika ncha ya pili na ndevu nyeupe, palikuwa na Sultani akiitwa Ghadanfari. Dola aliirithi kwa baba yake, na baba yake aliirithi kwa babu yake, wala yeye mwenyewe hajapata kutoka nje ya lango la jumba lake katika mji mkuu. Magharibi alikuwa na watu wa Fasi na zeituni zao. Mashariki watu wa Samarkandi, mafundi wa karatasi. Kaskazini Wakurdi na kondoo wao milimani. Kusini Wahadhrami na ubani wao. Kila watu na lugha yao, na mkate wao, na namna yao ya kufunga kilemba. Yeye aliwajua kwa kusomewa tu na makatibu, huku ameegemea mto.

Sasa, katika mji ule mlikuwa na mtaa ukiitwa Mtaa wa Wageni, na kila mwaka mahujaji wa majimbo yote walikutana hapo kungoja msafara wa Makka. Walilala katika musafirkhana ya Bi Marjani, mjane wa Bukhara, mwanamke mwenye sauti ya kumwamsha ngamia. Na mlangoni pake alikaa Dahmani, ambaye watu walimwita Peku, maana tangu azaliwe hajavaa kiatu. Kazi yake ilikuwa kulinda viatu vya wageni walivyovua wakiingia ndani, na ujira wake ulikuwa sahani ya wali.

Mgeni mmoja alimcheka, "Asiye na viatu ndiye mlinzi wa viatu?"

"Ndiye hasa," akajibu Peku. "Mwenye viatu angechanganya vyake na vyako."

Basi siku moja Sultani akaamka na jambo moyoni. Akamwita Waziri Muhtashamu, akamwambia, "Nataka bustani yenye udongo wa kila jimbo langu. Nikiizunguka, niwe nimeizunguka dola yangu yote kabla ya chakula cha mchana."

"Jambo la kifalme hilo, bwana wangu," akasema Waziri. "Na pahala pake napajua. Tuubomoe Mtaa wa Wageni. Una nini pale, zaidi ya makelele na mavi ya ngamia?"

"Ubomolewe," akasema Sultani. "Ijumaa baada ya sala muanze."

Habari ikafika mtaani, ikawa kilio. Bi Marjani akakaa chini kizingitini, mikono kichwani.

"Nyumba hii aliijenga marehemu mume wangu kwa mikono yake! Mimi Bukhara nilitoka bibi harusi, nani ananijua tena huko? Niende wapi, Peku?"

"Bi mkubwa, usiende popote. Nipakulie wali, nile, niende kwa Sultani."

"Kwa miguu hiyo?"

"Sina mingine."

Ikawa Peku akafika barazani, akasimama juu ya zulia na vumbi lake, walinzi wakakunja nyuso. Akasema, "Ewe Sultani mtukufu, Mungu akuzidishie umri. Udongo wa bustani yako utafika lini?"

Waziri akadakia, "Wajumbe watakwenda na kurudi. Ni miaka."

"Nami nikiuleta kabla ya kubomoa, Ijumaa hii hii?"

Baraza zima likacheka. Sultani naye akacheka, kisha akasema, "Ukiuleta, omba utakalo. Usipouleta, wewe ndiwe utakayeshika sululu ya kwanza, na utaanza na nyumba unayolala mlangoni pake."

Peku akauliza, "Nilete kiasi gani, bwana wangu?"

"Hata konzi moja. Hata chembe, mradi uwe wa kweli."

"Lakini huyu mjanja," akasema Waziri. "Atachota uani kwake atuambie ni Samarkandi! Kila udongo uje na shahidi mzaliwa wa huko, naye aape."

"Sharti jema sana hilo," akasema Peku. "Tafadhali msilisahau."

Akarudi mtaani akiimba. Mahujaji walikuwa wameshaanza kuingia, wamechoka, na viatu vimejipanga mlangoni kama kawaida. Peku akachukua kiatu kimoja akakipindua, akakibamiza ukutani, akakwangua soli kwa kijiti, akatia ncha ya kijiti katika mishono. Vumbi akalifunga kitambaani. Akashika kingine. Bi Marjani akatoka mbio na mwiko mkononi.

"Peku! Umepagawa? Unapiga viatu vya mahujaji?"

"Siwapigi, Bi mkubwa. Nawahoji. Huyu ametoka Fasi, na bado hajasema yote."

Ijumaa, sala ilipokwisha, wabomoaji walikwisha kusimama mtaani na sululu mabegani. Peku akaingia barazani na kikapu, na nyuma yake msururu wa mahujaji. Akafungua kitambaa cha kwanza. "Samarkandi."

Mzee mmoja fundi wa karatasi akasogea. "Wallahi, hili ni vumbi la kwetu. Nililikanyaga asubuhi niliyoagana na wajukuu, na mishono ya kiatu imelishika mpaka hapa."

"Vumbi la viatu!" akafoka Waziri. "Tena limechanganyika na la njiani!"

"Njia zote ni za Sultani, bwana Waziri," akasema Peku. "Au iko iliyo ya mtu mwingine?"

Sultani akainuka kitini, akaja kuchuchumaa mbele ya kikapu kama mtoto. Udongo wa Hadhramauti akaunusa, akasikia ubani. Udongo wa Fasi ulikuwa mwekundu, naye akamuuliza hujaji wake, "Kwenu hali ikoje?"

"Zeituni mwaka huu zimezaa, bwana wetu. Ila daraja limeanguka, tunavuka kwa kuogelea. Na ushuru wa daraja bado tunatozwa."

"Nani anayetoza?" akauliza Sultani, akamgeukia Waziri. Waziri alikuwa akitazama dari.

Kisha Waziri akaruka, "Ahaa! Jimbo moja amelisahau! Mji mkuu wenyewe, uko wapi udongo wake?"

Peku akainua mguu wake mmoja, mweusi kwa tope, akauonyesha kila upande. "Udongo huu hapa, na shahidi ndiye mwenye mguu."

Watu wakavunjika mbavu. Peku akangoja kicheko kipungue, akasema taratibu, "Bustani yako tayari, ewe Sultani. Lakini hawa mashahidi wote wanalala Mtaa wa Wageni. Mkiubomoa leo, mwakani ni nani atakayekuapia?"

Sultani alikuwa akivitazama vile vitambaa. Mwisho akasema, "Umekwangua kiatu cha kila mtu. Mbona changu hukukikwangua?"

"Nivulie kiatu, bwana wangu."

Sultani akavua kiatu chake cha hariri. Peku akakipindua, akakibamiza, akakibamiza tena. Likaanguka jani moja la waridi, na uzi wa zulia. Basi.

Sultani akaliokota lile jani, akaligeuza, halafu akaanza kucheka, akacheka mpaka kilemba kikamwendea upande. "Dola nzima yangu, na chembe moja sina! Omba, Peku."

"Mtaa ubaki, bwana wangu."

"Utabaki. Nawe binafsi?"

"Niruhusu niondoke. Wali unapoa."

"Basi twende wote," akasema Sultani, akavua na kile kiatu cha pili.

Ikawa siku ile watu waliona ambalo hawajapata kuliona: Sultani anakatiza mtaani peku, na nyuma yake Waziri, viatu mkononi, akiruka mavi ya ngamia. Wabomoaji wakateremsha sululu zao. Bi Marjani akapiga kigelegele, ngamia wote wakaamka, kisha akapakua sinia zima. Sultani alipokuwa anataka kuingia ndani kula, Peku akamzuia mlangoni, akainama, akamtazama nyayo.

"Hongera, bwana wangu," akasema. "Sasa una jimbo moja."

Hekaya imefika mlangoni. Mwenye viatu avivae, aende zake salama.