Siku Mkomangi Alipochomwa Mkuki

Nyamazeni kwanza humu kwenye banda la filamu. Kila mtu akielekezewa bunduki kwenye hiyo filamu mnapiga kelele, "Stelingi hafi! Stelingi hafi!", utadhani ni sheria iliyoshuka pamoja na mvua. Nani kawaambia? Kulikuwa na zama stelingi alikufa kama kuku wa mgeni. Alikufa mwanzoni, alikufa katikati, pengine alikufa kwa homa kabla hata hajamwona adui yake, na wasikilizaji wakajipangusa vumbi wakaenda kupika. Aliyeukomesha mchezo huo ni mhunzi mmoja, na hakuukomesha kwa furaha.

Mhunzi huyo aliitwa Fundi Makange, wa mji wa Kwamsasi, ambako majembe ya nchi nzima yalifuliwa. Kila alasiri watu walijaa kiwandani kwake kusikiliza masimulizi ya shujaa mmoja aitwaye Mkomangi. Makange alisimulia nyundo ikiwa mkononi. Mkomangi akirusha ngumi, nyundo ilishuka juu ya fuawe, ngo! Akipigwa yeye, ngo! Watu wazima na ndevu zao walijikunja wakashika matumbo kama waliopigwa wao.

Sasa, huyu Mkomangi alikuwa mashoto, na kabla hajapiga alipiga mluzi kwenye mwanya wa meno ya mbele. Hakuna mtu Kwamsasi ambaye hakujua vitu hivyo vilitoka wapi. Vilikuwa vya Mbelwa, rafiki wa Makange; walitiwa jandoni siku moja. Jumbe alikuwa amemtuma Mbelwa ng'ambo ya mlima kuwapeleleza wavamizi, na mavuno matatu yalikuwa yamepita bila habari yake. Makange alimkumbuka, basi akamvika shujaa wake mkono na mluzi wa rafiki. Hakumwomba mtu ruhusa, wala hakuona kama kuna wa kuombwa.

Mama yake Mbelwa alikuwa Bi Sihaba, mjane, mfinyanzi wa vyungu, na mtoto alikuwa na huyo huyo mmoja. Hakukosa hata siku moja. Alikaa karibu na mivukuto inayopuliza moto, pale moshi unapochoma macho na wengine hawapataki, na kila siku masimulizi yakiisha aliuliza neno lile lile.

"Kesho anaendelea, mwanangu?"

"Anaendelea, mama."

"Haya." Akaenda kwake, akabandika ugali wake, akala.

Basi siku moja akapita mchuuzi wa chumvi. Ulimi hauna mfupa. Akasema huko atokako kuna msimulizi mwingine, akisimulia watu wanalia mpaka chakula hakipiti. Akamtazama Makange juu mpaka chini. "Wako hapa naona wanacheka tu."

Loo, wivu ni mdudu! Makange hakutaka kuwa wa kuchekesha. Kesho yake alimpeleka Mkomangi kwenye kivuko cha mto, akamzungushia maadui thelathini, akampiganisha mpaka fuawe ikapata moto. Watu walikuwa wamesimama. Kisha mkuki ukatoka kwenye matete, ukamwingia kifuani, ukatokea mgongoni, na Makange akaiweka nyundo chini taratibu. Hapakuwa na mluzi, hapakuwa na ngo. Akasema, "Akafa."

Walilia, naam. Mhina mwindaji, mtu aliyewahi kumsukuma chui kwa mguu, alilia akiuficha uso kwa kofia. Makange akavimba kichwa. Akageuka kumtazama Bi Sihaba, akingoja lile swali lake la kila siku. Bi Sihaba alikuwa ameinuka. Alijifunga kanga vizuri, akasema, "Nimesikia," akatoka.

Asubuhi Makange aliamshwa na sauti za wanawake. Alipofika kwa Bi Sihaba alisimama mlangoni akakauka kama gogo. Mama wa watu amenyoa nywele. Jamvi la matanga limetandikwa uani. Majirani wamekaa, vichwa vimeinama, na hakuna aliyethubutu kucheka. Nyuma ya nyumba wanaume wawili walikuwa wakichimba kaburi, na kando ya shimo palikuwa na jembe la Mbelwa, lile alilolichongea mpini wa mashoto, limefungwa sanda.

"Nyie!" Makange akafoka. "Mmerogwa? Aliyekufa ni Mkomangi! Ni mtu wa hadithi!"

Wakalizika jembe badala ya mwili.

Siku ya kwanza Bi Sihaba hakula. Siku ya pili hakula. Siku ya tatu walimpa uji akaufunika na kawa, akasema watakula wenye njaa. Siku ya tano alikuwa hawezi kukaa mpaka aegemezwe, na wanawake wakaanza kunong'ona kwamba lile shimo limechimbwa dogo, litahitaji jingine kando yake. Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, lakini siku hiyo hata Makange aliuonja. Aliingia ndani akapiga magoti kando ya kitanda.

"Mama, nisamehe. Ilikuwa maneno tu. Mbelwa yuko hai, atarudi, wallahi atarudi."

Bi Sihaba akamwonyesha kwa kidole chungu kimoja cha pembeni, kidogo, kilichofunikwa. "Fungua."

Makange akafungua. Ndani mlikuwa na mkanda wa ngozi, ule ambao yeye mwenyewe aliufulia kifungo cha chuma. Mkanda ulikuwa na tundu, na kuzunguka tundu ngozi ilikuwa imekauka nyeusi.

"Nililetewa mavuno ya kwanza," akasema Bi Sihaba. "Mpita njia mmoja. Nikamwambia anyamaze."

Makange akapitisha kidole kwenye lile tundu.

"Mavuno ya kwanza? Mama! Miaka miwili umekaa pale kwenye moshi, ukiniuliza kama kesho anaendelea, na unajua?"

"Nilikuwa najua huku nyumbani. Kule kwako alikuwa anatembea. Nilikuwa nakuja kumsikia mluzi wake, halafu naenda kula. Mwanangu aliuawa mara moja, Makange, nikavumilia. Mara ya pili umemwua wewe, mbele ya watu, kwa sababu ya mchuuzi wa chumvi."

Masalale! Fundi mzima alilia kwa sauti, akiwa amepiga magoti vile vile. Alipomaliza akauliza, "Nifanye nini, mama?"

"Mrudishe."

"Vipi? Mkuki umetokea mgongoni. Mji mzima umesikia."

"Wewe ndiye fundi," akasema Bi Sihaba, akafumba macho.

Alasiri hiyo walimbeba na kitanda chake mpaka kiwandani, wakamweka karibu na mivukuto. Mji wote ulikuja, maana habari ya mtu kurudishwa kutoka kwa wafu haijawahi kukosa watazamaji. Makange akashika nyundo. Akasema Mkomangi aliinuka, akauchomoa mkuki kwa mkono wa kushoto, akawachapa wote thelathini. Ngo! Ngo! Ngo!

"Acha hizo," akasema Mhina mwindaji. "Nimechoma nguruwe kwa mkuki maisha yangu yote. Wa kifuani haamki akapigana." Watu wakaguna, kweli. Bi Sihaba hakufumbua macho. Lakini zingatieni, zile fujo za mtu mmoja kupiga thelathini zilianzia hapo. Kabla yake shujaa alipiga wawili, watatu akizidi sana.

Siku ya pili Makange alikuja na jingine. Aliyechomwa hakuwa Mkomangi. Alikuwa adui aliyevikwa nguo zake. Mkomangi mwenyewe alikuwa amejipaka majivu, amejifanya kikongwe muuza ubuyu, yuko ndani ya boma la maadui anawasikiliza siri zao, na wao wanamnunulia! Watu wakapigwa na butwaa. Hawakuwahi kusikia shujaa anayeshinda kwa kunyamaza. Bi Sihaba alifumbua jicho moja.

"Na huyo aliyechomwa," akauliza kwa sauti ndogo, "alipiga mluzi?"

Makange akakumbuka. Alikuwa ameusimulia mluzi pale kivukoni, kabla tu ya mkuki. "Alipiga, mama."

"Basi alikuwa ni yeye." Akafumba tena. Lakini alinywa vijiko viwili vya uji.

Siku ya tatu Makange alikuja macho mekundu, hajafua hata sindano. Hakuwasha moto. Alisema ndiyo, aliyechomwa ni Mkomangi, na alikufa, na moyo ulipasuka. Watu wakashusha pumzi. Ila yule muuza ubuyu, akasema, alikuwa mpelelezi mwenzake, naye aliuiba mwili akaupeleka juu ya mlima, mpaka mahali ambapo mawingu yanakanyagika. Huko wanaishi wahunzi wanaofua nyota. Wakamfungua kifua, wakautoa moyo uliopasuka, wakamtengenezea mwingine wa chuma. Wakamweka ndani ya chungu kikubwa kinachoruka, wakakitupa juu kati ya nyota ili upepo wa huko uuamshe ule moyo.

Mhina mwindaji alikuwa amefungua mdomo. Akaufunga. Nguruwe wa moyo wa chuma hajawahi kumchoma.

Ndipo Makange akainyanyua nyundo, na safari hii hakuipiga kwa nguvu. Aliigusisha tu juu ya fuawe. Ngo. Akangoja. Ngo. Akangoja. Ngo. Mji mzima ulishika pumzi, na wengine wanasema vifua vyao vilianza kufuata. Kisha, kwa mwanya wa meno ambao hakuwa nao, akijitahidi na midomo, Makange akapiga mluzi.

Bi Sihaba akafumbua macho yote mawili. Akashika ukingo wa kitanda, akainuka akakaa, peke yake.

"Kesho anaendelea, mwanangu?"

"Anaendelea, mama."

"Haya. Nipeni huo uji."

Aliishi miaka kumi na minane mingine. Kwa miaka yote hiyo Makange hakuthubutu kummaliza Mkomangi. Alimtupa korongoni, akamtoa. Alimfungia kwenye nyumba inayoungua, akamtoa. Jua likizama kabla hajamtoa, alimwacha ananing'inia kwa kidole kimoja, watu wakalala na roho juu. Bi Sihaba alipofariki walizikwa pamoja, yeye na kile chungu kidogo, na mji ukauona mkanda kwa mara ya kwanza. Hapo ndipo walipoelewa kwamba alijua tangu mwanzo. Alasiri yake Makange alikwenda kiwandani kama kawaida, akasimulia sehemu iliyofuata.

Na tangu siku hiyo stelingi hafi. Wasimulizi waliorithi nyundo waliapishwa hivyo, wakaja waandishi wa vitabu wakakikuta kiapo hicho, wakaja watu wa filamu wakakikuta, wakaongeza magari, bunduki na madude ya angani, lakini kiapo ni kile kile. Ndiyo maana risasi mia zinamkosa. Ndiyo maana akianguka baharini mnaambiwa msubiri sehemu ya pili.

Basi pigeni kelele zenu, sikatazi. Ila mkimwona mama mtu mzima ameingia humu, lugha ya filamu haijui, amekaa mbele kabisa pale panapoumiza macho, msogezeeni kiti. Msimuulize amekuja kumtazama nani.