Kaburi la Shambani kwa Nyambeho

Tajiri Mafwimbo alilidai shamba la mjane Nyambeho. Huko kwao, mwenye kaburi ndiye mwenye shamba, kwa hiyo mwenyekiti wa baraza la ardhi alikwenda kuliona kaburi lililokuwa shambani humo.

"Serikali humlinda mwenye mali, hata akiwa fukara," alisema. "Nani kazikwa hapa?"

"Aanze tajiri," alisema Nyambeho. "Nikianza mimi, atasema vilevile."

"Babu yangu!" alidakia Mafwimbo. "Nilimzika kwa mikono yangu. Naapa!"

"Basi tumfukue, akamzike kwake," alisema Nyambeho.

Wakafukua. Likatoka fuvu la punda.

"Pole kwa msiba, mwanangu," alisema Nyambeho. "Babu yako alinibebea maji miaka mingi, na hakuwahi kunipiga teke."

Mwenyekiti alicheka hadi akakaa chini, kisha akamthibitishia Nyambeho shamba lake.