Mafaili Yasiyo na Jina

Usichokijua kina wenyewe. Mmeisikia sasa hivi ikimshukia mwenzenu aliyetaka kung'oa waya ukutani kwa kuwa eti hauendi popote. Mmecheka, kisha mkauliza nani aliyeisema kwanza. Kaeni basi. Methali hii si ya enzi za mababu. Ilizaliwa juzijuzi tu, kwenye kibanda cha uchapaji katika mji mdogo chini ya Kilimanjaro, nayo ilianza hivi.

Mzee Kundaeli Temba alikuwa karani wa masjala kwa miaka thelathini na mmoja. Masjala ndiko mafaili ya ofisi hukaa, na sheria yake kuu ilikuwa moja: faili lisilo na jina la mwenyewe juu ya jalada halina kazi, litolewe. Alipostaafu alinunua kompyuta ya mapajani na printa, akafungua kibanda, na sheria ile akahama nayo. Siku mashine ilipoanza kuwa nzito, alichungulia ndani, akakuta mafaili chungu nzima yenye majina ya ajabu, yote yakiishia na herufi DLL. Hakuna hata moja lililoonyesha ni la nani.

"Wazururaji hawa," alisema, akatupa arobaini.

Kesho yake asubuhi Bi Aikande aliingia akihema. Jirani yake alikuwa ameng'oa masale, ile mimea ya mpaka, akajimegea kipande cha kihamba chake, shamba aliloachiwa na marehemu mumewe. Baraza la kata lingekaa saa nane mchana ule. Shahidi alikuwa mmoja tu, Mzee Ndetaramo, aliyeyapanda masale yale kwa mkono wake. Wiki iliyopita Kundaeli alimfuata mzee hadi kitandani na kompyuta yake, akachapa maelezo neno kwa neno, kurasa tatu. Juzi kiharusi kikamnyang'anya mzee sauti. Dole gumba la kutia sahihi alikuwa nalo bado, lakini maneno yalibaki ndani ya mashine.

"Shikamoo, Mzee Temba. Nipe karatasi nimkimbilie Mzee Ndetaramo atie dole."

"Marahaba, mama. Dakika moja tu."

Programu ya kuchapa ilikataa kufunguka. Ilisema faili fulani halipatikani. Akajaribu kalenda, ikasema hivyohivyo. Printa nayo ikagoma. Jasho likamtoka. Akakimbilia duka la jirani, akaazima faili lenye jina lilelile, akalileta kwa fleshi na kulipachika, kisha akazima na kuwasha. Sasa mashine yenyewe haikufunguka kabisa, kioo kikawa cheusi. Alikaa, akasimama, akakaa tena. Bi Aikande aliangalia saa ya ukutani kila alipomaliza kukunja na kukunjua upindo wa kitenge chake.

Saa tano na nusu aliitwa Fundi Elitruda, mama wa makamo aliyeanza na redio kabla ya kompyuta.

"Umegusa nini, baba?"

"Sijagusa kitu. Ni umeme huu."

Alijibu haraka mno. Karani wa miaka yote ile akiri mbele ya mteja kwamba ametupa mafaili ya watu? Afadhali lawama zibebwe na umeme, usio na mdomo.

Elitruda alihangaika nayo, kisha akatikisa kichwa. "Sijui pa kuanzia. Labda niipeleke Moshi wakatoe kilichomo. Kesho kutwa utakipata."

"Basi kihamba kimekwenda," alisema Bi Aikande, akaketi polepole.

Aibu ilimchoma Kundaeli kuliko alivyowahi kuogopa kuchekwa. "Niliyatupa mimi," alisema. "Arobaini. Hayakuwa na jina la mtu. Na jingine nimeliazima kwa jirani."

"Baba! Hayana jina la mmoja kwa sababu ni ya wote. Programu ya kuchapa, kalenda, printa, zote huchota humo humo. Ni kama kinu cha ukoo: ukikitupa, hakuna atakayetwanga. Na la jirani ni la toleo jingine, hata kama jina ni moja. Pipa la taka la humo ndani ya mashine umeshalimwaga?"

Kundaeli aliinua uso. "Bado. Masjala hatuchomi faili kabla ya siku thelathini."

"Mungu akuongezee ukarani!" Elitruda aliiamsha mashine kwa njia ya dharura, akaling'oa faili la kuazima, akayarudisha yote arobaini mahali pake. Saa saba kasoro robo printa ilikohoa, ikatoa kurasa tatu.

Bi Aikande alizipokea, machozi yakimlengalenga. "Unajua jirani yangu alisema nini alipong'oa masale? Eti, 'Majani tu haya, yana jina la nani?'"

Kundaeli aliinamisha kichwa.

"Usichokijua kina wenyewe, Mzee Temba," alisema mama yule, akatoka mbio.

Dole gumba la Mzee Ndetaramo lilitiwa kwa wakati, na mpaka ukarudi pake. Jumamosi iliyofuata Kundaeli alifunga kibanda, akaenda kihambani na jembe lake, akachimba mashimo ya masale mapya bila kuombwa na mtu.

Na ule waya, mwenzenu hakuufuata hadi mwisho. Unapita nyuma ya ukuta, unamwashia taa bibi wa nyumba ya pili. Usichokijua kina wenyewe.