Rufani ya Kanga na Mayai Kumi na Moja

Paukwa!

Pakawa!

Nisemayo sikuyaona kwa macho, niliyasikia. Kaeni vizuri tuyasikie pamoja.

Hapo zamani za kale alikuwapo Kanga, mama wa mayai kumi na moja. Aliyataga katika shimo chini ya kichaka, akawa anaatamia. Mara akatokea Kenge, akadai kwamba shimo lile alilichimba yeye.

Wanyama walikuwa na desturi yao. Kitu kikigombaniwa, hufunikwa kwa tawi la mwiba, na hakuna wa kukigusa mpaka kesi iishe. Basi shimo likafunikwa, mayai yakiwa ndani.

Wakaenda kwa Ngiri. Ngiri akaamua kwamba shimo ni la Kenge na mayai ni ya Kanga, ayachukue aende zake. Kanga akakataa, akakata rufani. Mwiba ukabaki.

Wakaenda kwa Nyati. Nyati naye akasema vilevile. Kenge, tusimsingizie, alimwambia Kanga akubali yaishe, achukue mayai yake siku hiyo hiyo. Hata Kwale, jirani yake, akamsihi.

"Dada, shimo litasubiri. Mayai hayasubiri."

"Haki yangu siigawi," akasema Kanga, akakata rufani tena. Mwiba ukabaki.

Safari ya kwa Tembo ilikuwa ndefu. Mvua ikanyesha, ikaanuka. Tembo akamsikiliza mpaka mwisho, kisha akamuuliza mayai yale yana siku ngapi bila kuatamiwa. Kanga akahesabu. Alipofika siku ya ishirini, akaacha kuhesabu.

Tembo akainamisha kichwa. "Mwanangu, wale wawili walikosea. Shimo lilikuwa lako. Lakini Kenge ameshahamia kwingine tangu mvua, na mayai ndiyo hayo. Sina tena la kuamua. Nikikupa ushindi, utauatamia?"

Kanga akarudi peke yake. Akautoa mwiba, akayageuza mayai moja moja. Yote yalikuwa viza. Alilia mama yule, akayaatamia hivyo hivyo siku tatu, na hakuna aliyethubutu kumcheka.

Wenzangu, haki ni njema, idaini. Lakini kabla ya kukata rufani nyingine, tazama kwanza chini ya mwiba kama unachokigombania kingali hai.

Hadithi yangu naiweka chini hapa. Mwenye kupita na aiokote.